Mwanafunzi wa Kumi na Mbili

Annelot van Zuilen alikuwa amempa Berend Loohuis dakika kumi na tano, na tatu kati ya hizo ziliishia kwenye mashine ya kahawa iliyokataa kutoa maziwa. Annelot ndiye mkuu wa masomo katika chuo chetu cha sanaa na usanifu hapa Zutphen, mwanamke wa miaka thelathini na minane, mchangamfu, anayesema "sisi" hata pale anapokusudia "wewe". Berend alikuwa na miaka sitini na minne. Alifundisha uandishi wa herufi kwa brashi katika masomo ya jioni, jioni nne kila wiki, na kazi hiyo alikuwa ameifanya kwa miaka thelathini na minne bila kukosa ila alipougua homa ya ini na siku aliyozikwa mama yake.

Mkuu hakuzunguka, maana kwetu kuzunguka ni kuibiana muda. Masomo ya jioni, ambayo sasa yalibaki hayo ya herufi tu, yalikuwa yamekosa watu. Walioko wangemaliza mwezi wa Juni na kupewa vyeti vyao. Kama kufikia tarehe mosi Mei wasingepatikana wapya kumi na wawili waliopita usaili, mlango wa jioni ungefungwa moja kwa moja.

"Wakiwa kumi na mmoja?" Berend aliuliza.

"Kumi na wawili, Berend. Sisi tukianza kulegeza, hatutajua pa kusimamia."

Akaitikia kwa kichwa. Angekuwa yeye mkuu angesema vilevile. Alikwisha inuka aende zake Annelot alipokumbuka jambo la pili, nalo lilihusu ukuta.

Kwenye ukuta wa ngazi kuu ya chuo yameandikwa masomo yote yaliyowahi kufundishwa humo, kila somo na mwaka lilipoanza, kisha kistari, kisha mwaka lilipofungwa. Mstari wa juu kabisa unasema: Shule ya Kuchora ya Jioni, 1859, na kistari chake hakijapata mwaka wa pili mpaka leo. Hapo ndipo chuo kilipoanzia, chumba kimoja juu ya nyumba ya mizani, ambamo maseremala, waashi, wapaka rangi na masonara walikuja baada ya kazi, mikono bado michafu, kujifunza kuchora kwenye mwanga wa taa ya mafuta. Ufumaji, ufinyanzi, usonara na kuchapa kwa jiwe vilikuja baadaye. Vita vya Pili vya Dunia vilipokwisha pakawa chuo kamili cha mchana, na siku hizi watoto wanatoka hadi Korea kuja kusoma mitindo, usanifu wa machapisho, usanifu wa vyumba na ualimu wa sanaa. Desturi ni kwamba somo likifa, mwalimu wa herufi hupanda ngazi ya mbao na kuandika mwaka wa kifo. Berend alikuwa ameandika mara tano, wa kwanza ukiwa ufumaji, 1986. Wanafunzi walimwita mchimba kaburi, na alicheka nao.

"Ikitokea," Annelot alisema, "tungependa tarakimu ziwe za mkono wako. Wewe ndiye unayeujua ule ukuta."

Mganga hajigangi, wanasema, lakini huyu aliombwa ajizike mwenyewe. Na Berend, kwa mazoea ya kuitikia, akajibu kwamba atatafuta rangi inayofanana. Alishuka ngazi nusu nzima ndipo aibu ikamshika, akasimama akishikilia mkono wa ngazi kama mzee aliyepungukiwa na pumzi.

Nyumbani kwao chakula huwa mezani saa kumi na mbili kamili, kwa sababu saa kumi na mbili na nusu Berend hupanda baiskeli. Siku hiyo mkewe Dinie alikuwa ameponda viazi na majani machungu ya bustani, akaweka soseji juu yake. Dinie alikuwa na miaka sitini na mmoja. Kwa miaka mingi alifanya kazi ya mapokezi kwa daktari wa meno, nusu siku, hadi daktari alipostaafu na kazi ikaondoka naye. Mtoto wao mmoja, Jorrit, anaishi Groningen, na akitaka kuja hupanga tarehe wiki sita mbele.

Berend alieleza yote akiwa anakata soseji. Dinie alimsikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo jioni utakuwa hapa," alisema.

"Wakifunga."

"Jioni zote."

"Zote, Dinie. Mbona unauliza kama karani?"

Dinie alikuwa akijaribu kuiona picha hiyo, Berend kwenye kiti cha pili cha sebuleni, Jumanne, saa mbili, na picha haikuja. Hakujua kama mumewe anapenda redio iwe wazi au imezimwa. Hakujua kama huzungumza akisoma gazeti. Jumatano na Jumamosi Berend alijifungia na kazi za wanafunzi, na Jumapili zao zilijaa mama wa huyu na sherehe ya yule, viti vimepangwa duara na kipande kimoja cha keki kwa kila mtu. Za kukaa wawili tu zilikuwa za kuhesabu.

Dinie alikuwa mpweke. Nalisema wazi kwa sababu yeye mwenyewe hakuwahi kulisema, hata kwa dada yake. Kila Berend alipoondoka aliosha vyombo, saa moja na nusu akanywa kahawa na biskuti moja, akafunga kopo, kisha akakaa dirishani. Mapazia yetu huwa wazi, hata usiku, hivyo kila apitaye aliweza kumwona pale na kudhani ni mwanamke aliyeridhika. Kutoka kwenye kile kiti huonekana pembe ya mtaa, ukuta wa duka la mwokaji na nguzo ya taa. Pale kwenye nguzo ndipo taa ya baiskeli ya Berend huchomoza, saa nne au saa nne na kitu. Ngoja ngoja huumiza matumbo, na mtu anayeumwa tumbo hutafuta cha kushika. Dinie alishika penseli. Alichora pembe ile mgongoni mwa bahasha za umeme na za benki, akaandika saa pembeni, akaiweka bahasha kwenye droo chini ya simu. Si kila jioni. Jioni nyingine alipiga pasi. Lakini droo ilijaa, ikafuata ya pili.

"Wamebaki wangapi?" aliuliza sasa, akiondoa sahani.

"Kumi na wawili. Hatujampata hata mmoja."

"Na siku ya mwisho ya usaili?"

"Kumi na sita Aprili," Berend alisema, akitafuta kishikizo cha koti lake la mvua. Alimbusu utosini akatoka.

Siku ya milango wazi mvua ilinyesha tangu asubuhi. Chuo kilijaa wazazi wenye miavuli na watoto wenye macho ya kutafuta. Walipita mbele ya chumba cha Berend kwa makundi wakielekea kwenye mitindo, ambako kulikuwa na muziki. Yeye alisimama na brashi zake za manyoya ya ng'ombe, akaandika jina la yeyote aliyekubali kusimama. Mama mmoja alilitazama jina la binti yake likitoka herufi baada ya herufi, akasifu kwa moyo, kisha akauliza kama hakuna mashine inayofanya kazi hiyo.

"Ipo," Berend alisema.

"Ndiyo maana hapa hakuna watu," yule mama akasema kwa upole, na wakaenda zao.

Hata hivyo watu walikuja, mmoja mmoja, kama wanavyokuja wa jioni. Alikuja mwokaji mstaafu. Alikuja muuguzi wa zamu, na ndugu wawili waliotaka kujiandikia mbao za duka lao la baiskeli, na mchimba kaburi wa kweli kutoka Warnsveld aliyechoshwa na herufi mbaya za makaburini. Berend alimpenda huyo hasa. Katika usaili wa Machi walipita wanane. Mwanzoni mwa Aprili wakafika kumi na mmoja. Wawili Berend aliwakataa mwenyewe, kwa sababu walikuja na kazi iliyofanywa na kompyuta wakaiita ya mkono.

"Kumbuka hesabu yetu," Annelot alimnong'oneza baada ya yule wa pili.

"Mimi nasahihisha herufi. Sihesabu vichwa."

Akaenda nyumbani akakosa usingizi.

Wiki ile ile aliona kitu chooni. Kalenda ya siku za kuzaliwa inatundikwa humo, kama kwa kila mtu, na ya kwao ilikuwa nzuri kuliko zote mtaani kwa kuwa majina aliyaandika Berend mwenyewe. Kwenye tarehe kumi na sita Aprili mtu alikuwa ameweka herufi D, kwa penseli, ndogo. Berend alikaa akiitazama. Ni nani anayezaliwa siku hiyo? Shangazi Dela alikwisha kufa. Watoto wa binamu za Dinie hakuwajua wote. Kwetu kusahau siku ya kuzaliwa ya mtu wa ukoo wa mkeo ni dhambi isiyosemwa ila hukumbukwa miaka kumi, kwa hiyo hakuuliza. Alinunua kadi yenye maua na bahasha yake nyeupe, akaiweka mfuko wa ndani wa koti, tayari kwa yeyote atakayekuwa.

Siku ya kumi na sita walikuwa na watu watatu kwenye orodha. Orodha ilikaa mbele ya Annelot, na Berend, kwa hofu, hakutaka kuisoma. Wasailiwa hupimwa na watu watatu, na mmoja lazima atoke nje ya chuo. Siku hiyo alikuwa Tjerk Algra, mchoraji wa vitabu vya watoto kutoka Deventer, mtu mrefu asiyejua kudanganya. Wa kwanza hakufika. Wa pili alikuwa kijana aliyetaka kweli kusoma mitindo na alikiri mwenyewe ndani ya dakika nne. Alibaki mmoja, na jioni zote zilisimama kwa huyo mmoja.

Mlango ukafunguliwa akaingia Dinie, nywele zimelowa, mkononi ana mfuko wa sokoni.

Berend alisimama. "Huyu ni mke wangu," alisema, kama mtu anayetoa ushahidi mahakamani. "Kwa hiyo mimi natoka."

"Kaa, Berend. Nimekuja kama watu wengine."

"Siwezi kukaa. Unajua siwezi."

Alimpita pale mlangoni bila kumgusa. Nje kulikuwa na benchi chini ya ule ukuta wa masomo yaliyokufa, akaketi hapo. Mkono wake ukaingia kwenye koti ukakuta ile kadi, na ndipo alipoielewa herufi D. Uso ulimwaka. Aliona wazi mkewe alikuja kumhurumia, kumwombea kazi mbele ya watu, kama mke anayempelekea mumewe chakula alichosahau.

Ndani, Dinie alikuwa amepiga magoti. Alipanga bahasha sakafuni, arobaini na moja, safu kwa safu, za kwanza zimegeuka manjano. Tjerk alishuka kwenye kiti akazitembelea zote, mikono nyuma. Zote zilionyesha pembe moja ya mtaa, ukuta mmoja, nguzo moja ya taa.

"Miaka kumi ya kwanza nguzo ya taa imeinama kama inaanguka," Tjerk alisema.

"Niliona. Baadaye nikaisimamisha."

"Na hizi namba pembeni, mama?"

"Saa. Saa niliyokuwa nachora. Nilikuwa namngoja mtu."

"Akaja?"

"Alikuwa akija kila siku," Dinie alisema. "Ni huyu aliyetoka sasa hivi."

Tjerk aliutazama mlango.  Annelot alichezea kalamu yake, kisha akauliza swali la kwenye fomu: kwa nini herufi, na si kuchora, maana mkono wa kuchora tayari upo.

"Kuchora nimekwisha chora," Dinie alijibu. "Nataka kujua humu ndani kulikuwa na kitu gani kilichozidi nyumbani."

Hakulia. Alisema kama mtu anayeuliza bei. Walimwomba asubiri nje, na alipotoka aliketi mwisho mwingine wa benchi, mfuko mtupu magotini. Kati yake na mumewe pangetosha watu wawili. Walikaa hivyo dakika saba, na wanafunzi wa mchana waliopita waliwapa salamu kila mmoja peke yake.

"Hongereni," Annelot alisema alipofungua mlango, na kwa kweli alifurahi. "Dinie umepita, tena kwa kura mbili bila shaka yoyote. Berend, wametimia. Ukuta hatuugusi."

Mtu mwingine angeshika mkono akaenda nyumbani kunywa kahawa. Berend alisimama pale na swali lake, na swali likamtoka, kwa kuwa kwake neno lililo kweli haliruhusiwi kubaki tumboni.

"Nitamsahihishaje mke wangu?"

Annelot alifumba macho kidogo. "Laiti usingeuliza."

"Lakini nimeuliza."

Dinie akatangulia nyumbani, na ofisini ikabidi kitabu cha kanuni kifunguliwe, na kanuni ilikuwepo, imeandikwa vizuri: mwalimu hafundishi wala hasahihishi mwenzi wake, mzazi wake wala mtoto wake. Darasa la jioni ni moja, watu kumi na wawili meza moja ndefu, haligawanyiki. Annelot aligeuza ukurasa akitafuta mlango wa pembeni, hakuuona. Alikuwepo binti aliyemaliza miaka mitatu nyuma, Fenna, mwanafunzi wa Berend mwenyewe, angeweza kushika darasa. Berend angestaafu Juni, mwaka mmoja kabla ya wakati wake. Wangemfanyia hafla.

"Fenna ana mkono mzuri," Berend alisema. 

Jioni ile chakula kilikuwa mezani saa kumi na mbili kama kawaida. Ilikuwa Jumatano, siku yake ya kubaki nyumbani, hivyo hakukuwa na baiskeli ya kukimbilia. Alimwambia habari ya kanuni kwa sentensi tatu.

"Basi najitoa," Dinie alisema. "Kesho asubuhi napiga simu."

"Watarudi kumi na mmoja."

"Nikibaki ni kumi na wawili na wewe uko nje."

"Ndiyo."

Walikula. Uma wa Dinie uligonga sahani kuliko ilivyohitajika.

"Wewe nawe, Berend. Hukuweza kunyamaza mara moja tu maishani? Mara moja. Annelot angelijifanya hajui, mimi ningekaa nyuma kabisa, nani angesema kitu?"

"Mimi ningejua."

"Utakufa na hiyo 'ningejua' yako."

Alisema kwa hasira, lakini kwa hasira ya mtu anayemjua mtu. Berend aliisukuma sahani. Akamwambia kwamba pale kwenye benchi alikuwa ameona haya, kwamba hakutaka kuombewa, kwamba kama ni huruma basi angeiacha nyumbani.  Dinie akainuka, akachukua mfuko wa sokoni, akasogeza vyombo na kuanza kupanga bahasha mezani, kati ya bakuli la viazi na chupa ya haradali.

Berend alivaa miwani. Aliinama. Aliitambua pembe ya mtaa mara moja, na mwandiko wa saa, ila hakuelewa, mpaka alipofika bahasha ya saba au ya nane.

"Hii ni lini? Saa tano na dakika ishirini."

"Siku mliyoufunga ufumaji. Mlikwenda kunywa. Hukusema utachelewa."

"Na hii?"

"Tairi lilipasuka. Hiyo ilikuwa baridi, uliporudi vidole vilikuwa vyeupe."

Alizisoma zote arobaini na moja. Dinie alimwonyesha droo chini ya simu, ambayo kwa miaka yote hiyo hakuwahi kuivuta kwa sababu simu ilikuwa kazi ya Dinie, na humo mlikuwa na mamia. Alirudi mezani akaanza upya, akitafuta kitu.

"Mimi simo," alisema mwishowe. "Simo hata kwenye moja."

"Ukitokea tu nilikuwa naacha. Nilikwenda kuweka maji ya chai."

Berend alivua miwani akaifuta kwa kitambaa cha meza, jambo ambalo Dinie hukataza, na safari hii akamwacha. Saa ya ukutani ilifika saa moja. Berend akauliza kwa sauti ya chini.

"Unataka kwenda?"

"Usiniulize kama vile nakufanyia hisani."

"Sikuulizi hivyo. Nakuuliza, wewe, unataka?"

Katika ndoa yao waliulizana mengi, gesi imelipwa, mlango umefungwa, Jorrit amepiga. Swali hili halikuwahi kuwa kati yao.

"Nataka," Dinie alisema.

"Basi usipige simu kesho."

Hafla ilifanyika Juni, mkahawa wa chuo, vipande vya jibini juu ya vijiti, saa kumi hadi saa kumi na moja na nusu. Annelot alihutubia vizuri. Alisimulia juu ya maseremala wa 1859 na mikono yao michafu, akasema mlango waliouingia bado uko wazi kwa sababu ya watu kama Berend, aliyeutumikia kwa miaka thelathini na miwili.

"Thelathini na minne," sauti ikasema kutoka nyuma.

Watu wakageuka. Dinie alikuwa amesimama karibu na mashine ya kahawa, amevaa gauni lake la samawati.

"Ni thelathini na minne," alirudia. "Mimi nilizihesabu."

Wakacheka, wakapiga makofi, Annelot akaomba radhi. Berend alipewa shada la maua na hati ya kununulia vitabu, akapeana mikono na kila mtu, na kabla ya kutoka alisimama chini ya ukuta wa ngazi akakitazama kile kistari cha mstari wa juu. Rangi aliyoichanganya kwa ajili ya tarakimu zile ilikuwa bado kwenye kopo dogo, imekauka.

Jumatatu ya kwanza ya Septemba Dinie alipanda baiskeli saa kumi na mbili na nusu. Alikuwa na brashi tatu alizopewa na Berend, zimefungwa kwenye taulo la jikoni. Alimbusu utosini, kwa haraka, kwa sababu hakutaka kuchelewa siku ya kwanza, na mlango ukafungwa. Berend aliisikia baiskeli ikishuka kwenye ukingo wa njia, kisha hakusikia kitu.

Aliosha vyombo. Hakujua bakuli kubwa hukaa kabati gani, akaliacha juu ya meza. Saa moja na nusu akapika kahawa, na kwa kuwa mashine yao haijui kupika kikombe kimoja ikatoka ya watu wawili. Akachukua biskuti moja akafunga kopo. Akafungua redio, akaizima. Kisha akaenda sebuleni, akakipita kiti chake, akaketi kwenye kile cha dirishani, ambacho kilikuwa kimebonyea kwa umbo lisilo lake.

Nje kulikuwa kukianza giza. Mwanamke alipita na mbwa, akatazama ndani, akamwona mzee aliyestaafu akinywa kahawa yake kwa raha, akampungia mkono. Berend akapunga. Alikuwa na mengi ya kumwambia Dinie: kwamba Fenna hushika brashi chini mno, asimwige, kwamba meza ya kushoto ina mwanga mbaya. Angemwambia akirudi. Darasa linatoka saa tatu na nusu, na siku ya kwanza watu huwa hawatoki upesi. Yeye alilijua hilo kuliko mtu yeyote mjini.

Koti lake la mvua lilikuwa mgongoni mwa kiti. Aliingiza mkono mfuko wa ndani akatoa ile kadi ya maua, ambayo haikupata mwenyewe, na ile bahasha yake nyeupe. Akatafuta penseli kwenye droo ya simu. Mgongoni mwa ile bahasha alichora ukuta wa mwokaji, kisha nguzo ya taa, polepole, akifuta na kurudia, mkono uliofundisha waandishi wa nusu ya mbao za maduka za Zutphen ukishindwa na mstari mmoja wa kusimama wima. Pembeni akaandika saa, moja na dakika arobaini na tano. Tarakimu zilitoka safi kama zilizochapwa, na nguzo ya taa ilikuwa imeinama kama inaanguka, kama zile za Dinie za mwanzo.